Althea Gibson na viwanja visivyomtaka

Muhula uliopita niliwapa wanafunzi wangu wa mwaka wa pili kazi ya kuandika wasifu wa mtu mashuhuri aliyekwisha kufariki. Niliwapa sharti moja tu, kwamba wasitumie nukuu hata moja. Nilitaka nione kama wanaweza kusimulia maisha ya mtu kwa ulimi wao wenyewe, pasipo kujificha nyuma ya maneno ya wengine. Mmoja wao alimchagua Althea Gibson, Mmarekani Mweusi aliyetamba katika tenisi. Sarufi yake ilikuwa safi na mpangilio wake haukuwa na dosari, lakini insha iliishia mwaka 1958, bibi huyo akiwa ameinua kombe mkononi. Baada ya hapo palikuwa na nukta.

Nukta hiyo ilinikera kwa muda wa juma zima. Gibson alifariki tarehe 28 Septemba 2003. Kwa hivyo mwanafunzi wangu alikuwa amefuta miaka 45 ya maisha ya mtu kwa alama moja ya uandishi. Nilipochunguza zaidi niligundua kuwa kosa hilo si lake peke yake, kwani makala nyingi nilizopata kuzisoma kuhusu bibi huyu huishia papo hapo. Wengi hawataji kabisa kwamba alikuwa mchezaji wa gofu wa kulipwa kwa takriban miaka 15, wala kwamba alikuwa mwalimu. Nami nashikilia kwamba Gibson wa gofu ndiye mwenye mengi zaidi ya kutufundisha sisi tunaoshika chaki, ingawa kombe hakulipata.

Tuanze hata hivyo na mwanzo. Althea alizaliwa tarehe 25 Agosti 1927 mahali paitwapo Silver, katika jimbo la South Carolina. Wazazi wake walilima pamba katika shamba lisilo lao, wakigawana mavuno na mwenye ardhi kwa namna ambayo aghalabu ilimwacha mkulima na deni. Mwaka 1930 familia ilihamia Harlem, mtaa wa watu Weusi katika jiji la New York. Msichana huyu hakuipenda shule. Alikuwa mtoro sugu, mpenda sinema na mchezo wa mitaani, na baba yake alimfundisha hata ndondi ili aweze kujitetea. Mwalimu yeyote anayesoma makala haya anamfahamu mwanafunzi wa aina hiyo, na yamkini amewahi kumwandikia ripoti isiyo na matumaini.

Barabara waliyoishi, ya 143, ilikuwa ikifungwa mchana ili watoto wacheze. Hapo alijifunza mchezo mdogo unaofanana na tenisi, unaotumia kibao badala ya raketi, na kufikia mwaka 1939 alikuwa bingwa wa jiji kwa wasichana. Mwanamuziki mmoja wa mtaa, Buddy Walker, aliyekiona kipaji chake alimpatia raketi, kisha watu wa kilabu cha tenisi cha Weusi wakachanga fedha ili afundishwe. Mwalimu wake wa kwanza, Fred Johnson, alikuwa na mkono mmoja. Nalitaja jambo hili kwa kuwa mara nyingi tunasikia visingizio vya upungufu wa vifaa.

Watu Weusi walikuwa na chama chao cha tenisi, maadamu kile cha Wazungu hakikuwakaribisha. Mwaka 1946 Gibson alishindwa katika fainali ya chama hicho cha Weusi, lakini madaktari wawili waliokuwa wakitazama walikiona kile ambacho matokeo hayakukionyesha. Hao ni Hubert Eaton wa Wilmington, North Carolina, na Robert Walter Johnson wa Lynchburg, Virginia. Walipatana kwamba Eaton angemlea wakati wa masomo na Johnson wakati wa likizo ya kiangazi. Sharti lilikuwa arudi shuleni. Basi msichana aliyekuwa karibu kutimiza miaka 20 akakaa darasani na watoto, katika mji ambao mtu Mweusi alilazimika kuketi nyuma ya basi. Alihitimu shule ya upili mwaka 1949, na mwaka 1953 akapata shahada katika chuo kikuu cha Florida A&M. Tangu mwaka 1947 hadi 1956 alitwaa ubingwa wa wanawake wa chama cha Weusi mara kumi mfululizo.

Yaliyofuata yanajulikana, nami nitayapitia kwa haraka. Mwaka 1950 bingwa wa zamani, Alice Marble, ambaye ni Mzungu, aliandika makala katika jarida la tenisi akiwasuta wenzake kwa kumfungia Gibson mlango. Mwezi Agosti mwaka huo huo Gibson akawa Mweusi wa kwanza kucheza mashindano ya taifa ya Marekani pale Forest Hills. Katika raundi ya pili alikuwa akimwongoza Louise Brough, bingwa wa Wimbledon, michezo saba kwa sita katika seti ya mwisho, mvua kubwa ilipokatiza mechi na radi ikaangusha sanamu ya tai juu ya uwanja. Kesho yake alishindwa. Baadaye alishinda mashindano ya Ufaransa mwaka 1956, Wimbledon mwaka 1957 na 1958, na yale ya Marekani miaka hiyo hiyo miwili. Malkia Elizabeth wa Pili alimkabidhi kombe la Wimbledon, na jiji la New York likampokea kwa gwaride, vipande vya karatasi vikimiminwa kutoka madirishani. Jumla ya mataji yake makuu, ya peke yake na ya wawili wawili, ni 11.

Kuna jambo moja ambalo gwaride hilo lilificha. Mchezaji wa tenisi wa siku hizo alikuwa mchezaji wa ridhaa, na ushindi haukuwa na mshahara. Bingwa wa dunia alirudi nyumbani na sahani ya fedha, wala hakuwa na fedha ya kodi ya nyumba. Mashindano makuu yalianza kuwaruhusu wachezaji wa kulipwa mwaka 1968, naye wakati huo alikuwa akikaribia miaka 41.

Ndipo tunapofika kwenye miaka ambayo mwanafunzi wangu aliifuta. Gibson alijaribu mengi. Mwaka 1959 alitoa sahani ya santuri akiimba. Alizunguka nchini akicheza tenisi ya maonyesho kabla ya mechi za timu ya mpira wa kikapu ya Harlem Globetrotters, na akapata fedha nzuri. Alipojaribu kuanzisha ziara yake mwenyewe, biashara ikamwangusha na kumwachia madeni. Alifanya kazi ya uhusiano mwema katika kampuni ya mikate. Mwaka huo huo wa 1959 aliigiza pia katika filamu ya John Ford iitwayo The Horse Soldiers, nami kama mtu wa isimu siwezi kuipita filamu hii bila kusimama.

Alipewa nafasi ya mjakazi Mweusi wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani. Maneno aliyoandikiwa yalikuwa katika Kiingereza kilichopotolewa makusudi, kile ambacho Hollywood ilizoea kuwawekea watu Weusi kinywani ili watazamaji wacheke. Gibson alikataa kuyatamka. Ford, ambaye hakuwa na sifa ya kubembeleza waigizaji, alikubali yabadilishwe.

Wapo watakaosema kuwa alikuwa akiidharau lahaja ya watu wake. La hasha. Sisi wanaisimu tunasisitiza, na ni kweli, kwamba kila lahaja ina kanuni zake na hakuna iliyo chafu. Lakini lahaja ni kitu kimoja, na kejeli ya lahaja ni kitu kingine. Aliyeandika maneno yale hakuwa amekaa Harlem wala South Carolina akasikiliza. Alikuwa amejitungia lugha ya mtu mjinga na kumvika nayo mtu Mweusi. Msomaji wa hapa kwetu anazifahamu tamthilia za redio na televisheni ambamo mlinzi wa lango au mtumishi wa nyumbani hupewa lafudhi ya kabila fulani, hata kabla hajasema lolote la kuchekesha. Ningependa walimu wa Kiswahili wanaofundisha mada ya lugha na jamii waitumie filamu hiyo. Inafundisha tofauti ambayo mimi huichukulia saa nzima kuieleza.

Sasa tuje kwenye gofu. (Neno lenyewe lina kejeli yake. Kamusi zetu za zamani zilijua gofu kuwa ni jengo lililobomoka, wingi wake magofu. Mchezo ulikuja baadaye ukajikalia mumo humo.) Mapema katika miaka ya 1960 Gibson alijitupa katika mchezo huo kwa bidii. Usisahau, msomaji, kwamba huyu ni mtu aliyekwisha kuwa wa kwanza duniani katika mchezo mmoja. Kukubali kuwa mwanagenzi tena katika mchezo mwingine ukiwa umepita miaka 30, mbele ya macho ya watu wanaokujua kama bingwa, kunahitaji unyenyekevu ambao wasomi wengi wenye shahada hatuna. Mpira wa tenisi hukujia ukikimbia. Ule wa gofu hukaa kimya ardhini ukikungoja ukosee. Nguvu za mkono wake zilikuwa nyingi, na aliweza kuupeleka mpira mbali sana, lakini kazi ya kuutia shimoni kwa pigo la polepole ilimsumbua.

Chama cha wanawake wa gofu ya kulipwa nchini Marekani, LPGA, kilianzishwa mwaka 1950 na wanawake 13. Mwaka 1964, akiwa na umri wa miaka 37, Gibson alipata uanachama kamili, akawa mwanamke Mweusi wa kwanza kuingia katika ziara yake ya mashindano. Ili kupima uzito wa jambo hilo, kumbuka kuwa chama cha wanaume kilikuwa na kifungu cha katiba kilichowataka wanachama wawe Wazungu, na kifungu hicho kilifutwa mwaka 1961 tu. Wanawake hawakuwa na kifungu kama hicho, ila hawakuwa na viwanja vyao wenyewe pia. Walicheza katika viwanja vya vilabu vya matajiri, na vilabu hivyo vilikuwa na sheria zake, nyingine zimeandikwa na nyingine hazihitaji kuandikwa.

Vilabu vingine, hasa vya kusini, vilimkatalia kabisa asicheze. Vingine vilimruhusu kukanyaga nyasi lakini si kuingia ndani ya jengo, hivyo akabadilishia nguo garini mwake. Hoteli nazo zilimkataa, na ilimbidi ama aendeshe gari kutafuta mahali pa kulala, ama ategemee ukarimu wa mtu. Hata hapa kwetu, enzi za ukoloni, Mwafrika aliingia katika viwanja vya gofu akiwa amebeba mfuko wa fimbo za mtu mwingine, kwa hiyo hatuhitaji kuelezwa sana maana ya mlango ule. Ila sisi tulikuwa tukifungiwa na wageni. Yeye alifungiwa na watu wa nchi aliyoiwakilisha ng'ambo kwa niaba ya serikali, kwani mwishoni mwa mwaka 1955 Wizara ya Mambo ya Nje ya Marekani ilimtuma Asia katika ziara ya nia njema, ili dunia ione jinsi Mweusi anavyoendelea huko kwao.

Haki inadai niseme kuwa hakuwa peke yake. Mkurugenzi wa mashindano wa LPGA wa wakati huo, Lenny Wirtz, alisimama kidete. Msimamo wake ulikuwa kwamba kilabu kinachomkataa mchezaji mmoja kimewakataa wote, na alihamisha mashindano kutoka vilabu vilivyokaidi. Mchezaji mwenzake, Marlene Hagge, Mzungu, alishiriki naye chumba cha hoteli. Hao si watu wanaojengewa sanamu. Bila wao, hata hivyo, ile kadi ya uanachama ingebaki karatasi.

Gibson mwenyewe hakupiga kelele. Waandishi wa magazeti ya watu Weusi walikuwa wamemlaumu tangu siku za tenisi kwa kutotaka kujiita mpigania haki za watu wake. Alishikilia kuwa yeye ni mchezaji, na kwamba mchezo wake ungesema unachosema. Nakiri kwamba kwa muda mrefu nilikuwa upande wa waliomlaumu. Nilipokuwa kijana niliona kunyamaza ni woga. Sina hakika tena. Mtu anayefika kila juma katika uwanja usiomtaka, akavaa viatu ndani ya gari, akaenda kupiga mashimo 18, kisha akarudi juma lijalo, amekwisha kutoa hotuba ndefu kuliko zile ambazo sisi hutoa kwenye makongamano. Bado nafikiri angeweza kusema zaidi. Lakini sidhani ni mimi wa kumdai.

Na matokeo? Hapa ndipo wasifu wa kawaida hukimbia. Gibson alishiriki mashindano 171 ya LPGA na hakushinda hata moja. Alivunja rekodi za viwanja katika raundi moja moja. Mwaka 1966 alifika nafasi ya 27, ambayo ndiyo ya juu kabisa aliyopata kuifikia. Mwaka 1970, katika mashindano ya Len Immke Buick Open, alimaliza sawa na wenzake wawili kileleni, akashindwa katika mchezo wa ziada wa kuamua mshindi. Miaka yote hiyo haikumpatia hata dola 25,000 za zawadi. Mwaka 1978 ulipokwisha alistaafu gofu ya kulipwa.

Ukitumia mizani ya makombe, hizo ni hesabu za mtu aliyeshindwa. Lakini mwaka 1967, wakati Gibson angali anacheza, Renee Powell aliingia LPGA akawa mwanamke Mweusi wa pili. Powell aliukuta mlango ambao umekwisha kusukumwa na bega la mwingine.

Nilisema alikuwa mwalimu. Baada ya kupata shahada mwaka 1953 alifundisha elimu ya viungo katika Chuo Kikuu cha Lincoln, Jefferson City, jimbo la Missouri, kwa muda wa miaka miwili. Ulikuwa wakati mgumu. Tenisi ilikuwa imekwama, naye alifikiri kuiacha na kujiunga na jeshi la wanawake. Ziara ya Asia ndiyo iliyombadilishia mawazo. Ualimu wenyewe ulimrudia baadaye, kwa namna nyingine. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 aliendesha mradi wa kupeleka nyavu za kubebeka na raketi katika mitaa maskini ya miji mikubwa, ili watoto wasio na viwanja wacheze barabarani, kama yeye alivyocheza katika barabara ya 143. Alisimamia michezo na burudani za umma huko New Jersey. Katikati ya miaka ya 1970 aliteuliwa kamishna wa michezo wa jimbo hilo, mwanamke wa kwanza kushika wadhifa huo, lakini alijiuzulu baada ya muda mfupi kwa kuona kuwa amepewa cheo bila mamlaka wala fedha. Mwaka 1977 aligombea kiti cha seneti ya jimbo, akashindwa katika uchaguzi wa mchujo.

Afya yake ilidhoofika katika miaka ya 1990 baada ya kupatwa na kiharusi. Akiba hakuwa nayo. Mwanamke aliyepokea kombe kutoka kwa Malkia alishindwa kulipa kodi ya nyumba na dawa. Mwaka 1995 alimpigia simu Angela Buxton, Mwingereza wa Kiyahudi ambaye walishinda naye taji la wawili Wimbledon mwaka 1956, wakati ambapo wote wawili walikuwa watu wa kando katika ulimwengu huo wa nguo nyeupe. Alimpigia kumwaga, kwani alikuwa amekata tamaa ya kuishi. Buxton alimlipia madeni ya haraka, kisha akafanya mpango barua ichapishwe katika jarida la tenisi. Fedha zilimiminika kutoka pande nyingi za dunia, na inakadiriwa zilikaribia dola milioni moja. Mashirika yaliyokuwa yakijivunia jina lake hayakuwa yamemfikia kabla ya hapo. Waliomfikia ni wasomaji wa kawaida, waliotia noti ndani ya bahasha.

Aliishi miaka minane zaidi, akafia East Orange, New Jersey, akiwa na umri wa miaka 76. Mwaka 2019 sanamu yake ilizinduliwa katika viwanja vya mashindano ya Marekani, Flushing Meadows, na mwaka 2025 sura yake ikachapwa kwenye sarafu ya senti 25 ya nchi hiyo. Katika sarafu ameshika raketi.

Nimemrudishia mwanafunzi wangu insha yake. Sikumwondolea alama kwa ajili ya sarufi, maana haikuwa na kosa. Nilichora duara jekundu kuizunguka ile nukta ya mwaka 1958, nikamwandikia pembeni kwamba aifute na aendelee, na kwamba ana muda hadi mwisho wa muhula.